Chungu Kimoja cha Maharage, Kipimo cha Dunia Zote

Mwalimu wetu wa jiografia alituambia kwamba huko angani kuna dunia nyingine, na kila moja ina siku yake na mwaka wake. Nikanyoosha mkono nikauliza huko kengele ya kwenda nyumbani hulia lini. Darasa likacheka, mimi nikapigishwa magoti kwenye changarawe, na hapo ndipo nilipopata nafasi ya kufikiri.

Aliyepiga magoti anajua kwamba muda wake si muda wa mwalimu aliyekaa kitini. Nikaona dunia zote zinahitaji kipimo kimoja. Jua halifai. Hapa mjini Morogoro linatokea mapema, kwetu juu Uluguru linajikongoja nyuma ya mlima mpaka watu wameshalima tuta zima. Kengele haifai, maana hupigwa na mtu, na mtu husinzia. Lakini maharage ni maharage. Hata watu wa kwenye nyota, wawe na vichwa vitatu, tumbo lazima wanalo.

Jioni ile nikapima kwa shangazi, mtaa wa Mwembesongo pale mjini, nilikokaa ili nisome. Tangu kubandika mpaka kulainika, hicho ni chungu kimoja. Kwenda shule, robo chungu. Misa ya Jumapili, nusu, padri akiwa na njaa. Wenzangu wakaniita Bwana Chungu.

"Bwana Chungu, hesabu hizi zitaisha lini?"

"Vyungu viwili, na ugali wake."

Likizo ilipofika nikapanda kwetu, nikakuta nyumba haitulii. Dada yangu anaposwa. Kijana mwenyewe ni fundi cherehani wa mjini. Dada alimtaka, mjomba hakumtaka. Na kwetu mjomba, kaka yake mama, ndiye mwenye neno. Baba hukohoa tu. Tena mgeni wa posa hasemi lililomleta kabla hajala, na hao wageni walitakiwa washuke siku ileile, kabla ukungu haujafunga njia.

Asubuhi mama na dada wakaenda kuteka maji. "Bandika maharage sasa hivi," mama akaniambia.

Sasa hivi ya nini? Wageni wangefika adhuhuri, na maharage ni chungu kimoja. Mimi kukaa jikoni kunaniwasha mwili mzima. Nikaenda kutazama mitego yangu ya ndege, nikapanda mpera, nikashuka, nikarudi na kubandika kwa hesabu kamili.

Wageni wakafika. Shikamoo zikatolewa na kuitikiwa. Jikoni maji yalikuwa yanaruka, maharage yanayatazama tu.

"Umeyabandika lini?" mama akauliza.

"Chungu kimoja kilichopita. Kwa shangazi yangekuwa yameshaiva."

"Kwa shangazi yako ni bondeni. Huku juu maharage huchelewa kuiva, hubandikwa alfajiri. Hata mbuzi anajua."

Barazani salamu zikaisha. Wakaulizana habari za mvua, za mbuzi, za ng'ombe wa jirani aliyekufa mwaka juzi. Mjomba akauliza, "Na hiyo cherehani, sindano ikivunjika, mtu anakula nini?" Ukungu ukaanza kupanda bondeni. Mimi nikawa nje, ndani, nje tena. Napuliza moto, nabonyeza punje, ngumu kama kokoto.

Dada akanishika sikio. "Wakishuka bila kusema, mjomba atasema wamekataa wenyewe. Unasikia? Nitakupika wewe."

Mwishowe mshenga, mzee mwenye meno mawili na ulimi wa watu kumi, akaita kutoka barazani, "Mama, tupeni kilichopo. Njia inafungwa."

Tukapakua. Mshenga akayaangalia yale maharage mara moja, akachovya ugali kwenye mchuzi, akameza, basi. Mjomba hakuwa na njia hiyo. Mwenyeji akitema chakula cha nyumba ya dada yake mbele ya wakwe, ameivua nguo nyumba nzima. Akajaza mdomo, akaanza kutafuna.

"Tumekuja kuomba jiko," mshenga akasema.

Mjomba akatafuna. Kwa ugumu wa kazi ile, kichwa kikawa kinapanda na kushuka.

"Naona mjomba anaitikia."

Mjomba akainua kidole, yaani ngoja nimeze. Akatafuna kwa haraka zaidi, na kichwa nacho kikaenda haraka zaidi.

"Anaitikia kwa moyo mkunjufu," mshenga akawaambia wenzake.

Vigelegele vikalipuka jikoni. Aliyeanza ni dada, ambaye kwa desturi alitakiwa awe amejificha kwa haya. Wanawake wa majirani wakadakia, mtaa wa chini ukajibu. Mjomba akameza, lakini nani angemsikia.

Wageni waliposhuka wakikimbilia njia, akamgeukia mama. "Mimi sikusema ndiyo."

"Hukusema hapana," mama akamjibu, akaanza kukusanya sahani.

Dada akachungulia mlangoni, akaniambia kwa sauti ya upole ambayo sijaisikia tangu nizaliwe, "Mdogo wangu, mwongeze mjomba maharage."