Seneta na Ukuta wa Jirani

Hermelinda alikuwa amechoshwa na kaka yake tangu kaka huyo alipoanza kuwasalimu watu kwa mikono miwili, kama wanasiasa. Kaka huyo alipokuwa wakili wa mji huu mdogo wa Paragwai, alikuwa akivua viatu chini ya meza, akinywa terere, chai yake baridi ya majani, na kumwambia mtu waziwazi: "Kesi huna. Nenda nyumbani." Sasa ni seneta, na kila ajaye hujibiwa kwa sauti laini, "Tutaliangalia, ndugu yangu."

Jumapili walikuja majirani, Fausto na Nikanori, wakigombania ukuta. Seneta akawaambia wote wawili wana haki.

"Kaka, hawa watakatana mapanga!" Hermelinda alifoka. "Sema ukweli!"

Seneta akaguna, akatoka hadi ukutani, akafumba jicho moja, akaupima mpaka kwa jicho la pili. Sauti yake ya zamani ikamtoka, kavu: "Fausto, umejenga kwa mwenzio. Bomoa."

"Basi tuandikie hivyo, mheshimiwa," alisema Nikanori.

"Kuandika!" Seneta alishtuka, akamkumbatia Fausto begani. "Uchaguzi ni mwezi ujao, na huyu ana watoto sita wapiga kura."

Hermelinda akaingia stoo, akatoka na nyundo nzito, akampita kaka yake, akaanza kuubomoa ukuta.