Kofia Gotini

Mzee wa msikiti wetu alikuwa na vidole visivyotulia. Kila tulipokwenda mahakamani kudai ruhusa ya kuswali Idi kwenye uwanja wa mpira, ruhusa ambayo shefu, mkuu wa mtaa, alitunyima, alivua kofia mlangoni kwa amri ya polisi, akaiweka gotini na kuinyoosha polepole, mshono kwa mshono. Sauti yake ilikuwa ndogo, ya mtu aliyezoea kusema mbele ya watu walionyamaza. Jaji alimuuliza jambo moja tu: "Papa, feti yenu, hiyo sikukuu ya Idi, iko siku gani?"

"Tutajua wakati mwezi itaonekana, Monsieur le juge."

Ukumbi mzima ukacheka. Jaji hakucheka. Alisema hawezi kuruhusu siku isiyojulikana, akaahirisha kesi. Idi ikafika kabla ya siku hiyo mpya ya kesi. Tuliswali kwa zamu ndani ya msikiti, mama zetu wakasujudu nje kwenye matope, na uwanja ukabaki mtupu. Siku ya kesi mzee alikuja vilevile, akainyoosha kofia ileile. Jaji akauliza kama kuna jipya. Mzee akasimama.

"Mwezi ilishaonekana, Monsieur le juge."