Maji Niliyoyamwaga

Kila mvua ikianza kugonga mabati na ile harufu ya vumbi lililoloa kupanda, namwona mama mbele ya kamera.

Kijiji chetu, juu kule Molo, kilikuwa kinadai bomba la maji. Vijana kutoka mjini wakaja kututengenezea filamu ya kuwaonyesha wakubwa wa serikali. Mama aliweka mtungi wa maji ya mtoni mlangoni, mazito, rangi ya chai. Mimi nikaona aibu. Kwetu mgeni hapewi kitu kichafu. Nikayamwaga kimyakimya, nikajaza ya mvua.

“Haya ndiyo maji tunakunywa,” mama akasema akimimina, macho kwenye kamera kama alivyoambiwa. Vijana hawakuwa wameuona mto wetu. Wakamwamini.

Filamu ilipoonyeshwa kanisani, mkubwa wa idara ya maji alicheka. “Mathe, si haya ni safi kuliko ya kwangu?”

Watu wakamgeukia mama. Mama akanitazama mimi, akaelewa, akasimama.

“Ni mimi niliyabadilisha,” akasema. “Niliona aibu juu ya wageni.”

Tukarudi nyumbani. Alichukua mtungi wake, akanipa wangu mdogo, tukashuka mtoni.