Mateke ya Mwanakombo

Watu wa Mtwara mjini wakimtaja Mwanakombo binti Shabani huanza na medali ya dhahabu ya Nairobi, kwa kuwa mjini tunapenda kuanzia mwisho. Mimi nitaanzia mtoni alikojifunzia kuogelea, maana bila mto ule habari yote haina kichwa wala miguu.

Alizaliwa katika kitongoji kimoja chini ya Mahurunga, pale Ruvuma inapojigawa kabla ya kuingia baharini. Baba yake, Shabani, alilima mpunga kwenye kisiwa cha katikati ya mto, na mamba nao walikuwa na shughuli zao humo humo. Kwa hiyo watoto wa kule walifundishwa kuogelea kama wa mjini wanavyofundishwa kuvuka barabara. Mkono unapita chini ya maji, mguu unafuata taratibu, juu hakutoki povu wala sauti. Anayepiga mateke anamwita mamba. Mtoto aliyejisahau alichapwa na mama yake mwenyewe, na hakuna jirani aliyemwombea msamaha, kwa sababu karibu kila nyumba ilikuwa na marehemu wake wa mtoni.

Mwaka 1970 wafanyakazi wa mjini walipelekwa kusaidia mavuno vijijini, kama ilivyokuwa desturi ya siku zile. Miongoni mwao alikuwamo Elia, karani wa bandarini, mzaliwa wa Muheza, aliyewahi kushindana kuogelea kule Tanga na ambaye hakuchoka kuwakumbusha watu jambo hilo. Mpunga aliovuna siku ile usingemshibisha kuku. Lakini alimwona msichana wa miaka kumi akivuka mkono wa mto, kifurushi cha chakula kichwani, upesi kuliko mtumbwi uliowavusha wao, na kifurushi kikafika kikavu. Elia akaweka mundu chini, akaanza kuuliza mtoto yule ni wa nani.

Kumpata haikuwa kazi ya siku moja. Shabani alikataa kwanza kwa ajili ya dini, kisha kwa ajili ya nguo ya kuogelea, ambayo alisema imepungukiwa kitambaa. Mwishowe alikubali, kwa sharti kwamba binti akae na Theresia, mke wa Elia, na nyama ya nguruwe isiingie nyumba ile muda wote atakaokuwapo. Bi Salma, mama wa mtoto, hakujishughulisha na nguo wala nyama.

"Mfundishe yote unayoyajua, baba," alimwambia Elia. "Mateke usimfundishe. Ukishamaliza naye wewe, anarudi ntoni."

Elia akaitikia, kama anavyoitikia mtu mwenye shida yake.

Kila likizo alimfundisha ghubani, mbali kidogo na gati. Mwanakombo alikuwa mwepesi wa kushika: kujitupa majini, kuvuta pumzi ubavuni, kujigeuza. Ilipofika zamu ya mateke, maana ahadi kwa Bi Salma haikudumu, miguu ilikataa. Elia alibembeleza, akafoka, akamnunulia soda. Mtoto akainywa soda, akashukuru, na miguu ikabaki vilevile.

Mwaka 1971 wakaenda Mombasa kwenye mashindano ya watoto wa Afrika Mashariki. Wenzake walilitibua bwawa likawa jeupe. Katika njia yake yeye maji yalitulia, hata watazamaji wa nyuma wakadhani njia ile haina mtu, mpaka walipoona kichwa kinafika ukutani. Alikuwa wa pili, na aliyemtangulia alimzidi kwa kiganja tu. Watu walisimama kumpigia makofi. Kwenye basi la kurudi, Elia, ambaye makofi hayakumtosha, alimweleza kwamba kwa mateke machache tu dhahabu ingekuwa yake, na kwamba bwawa la Mombasa halina mamba.

"Najua, Mwalimu," Mwanakombo akasema. "Lakini miguu ni hii hii. Nikiizoesha huku, itapiga na kule."

Hapo mimi humwonea Elia huruma kidogo. Njia nzima iliyobaki alijifanya amelala.

Mwaka uliofuata wakazi wa kando ya mto walihamishwa. Ng'ambo ya mto palikuwa na vita vya Mreno, na serikali ilitaka watu wakae pamoja katika vijiji vya ujamaa, karibu na shule na zahanati. Lori likawachukua akina Shabani mpaka Mpapura, kwenye mikorosho ya watu wengine. Sababu zilikuwa nzuri, na shule ilikuwapo kweli. Kilichokosekana ni mto. Maji yalikuwa ya kisima, na ndoo moja ilipatikana kwa foleni. Bi Salma alisema ni kwa muda tu. Vita vitakwisha, watarudi. Aliwaambia hivyo wanawe kila walipolalamika, na hakuna aliyembishia.

Elia akafika kwa baiskeli, na habari za mashindano ya Nairobi. Baada ya salamu na muhogo wa kuchemsha akasema lile ambalo pale nyumbani halikusemwa: hapa hakuna mamba, basi mtoto apige mateke. Shabani akatazama chini. Bi Salma akajibu kwa upole kwamba miguu ni ya mwenyewe, ataamua mwenyewe.

"Ila siku atakayopiga," akasema, "ntoni simruhusu tena, hata tukirudi. Miguu iliyokwisha kuzoea kelele siiamini."

Mwanakombo alifanya mazoezi kule ghubani mwaka mzima bila mateke. Hata alipopanda ubaoni Nairobi, mwaka 1973, Elia hakujua ataogelea vipi, na nadhani mtoto naye hakujua. Nusu ya mwendo alikuwa nyuma kwa kichwa kimoja. Ndipo povu likatoka nyuma yake, kwanza vibaya, la mguu mmoja, kisha la miguu yote miwili. Aligusa ukuta mbele ya wote. Elia alikumbatia watu asiowajua. Mwanakombo alipovishwa medali alilia sana, gazeti likaandika kuwa ni furaha, na yeye hakumsahihisha mtu.

Alipofika Mpapura majirani walijaa uani kuishika ile medali, wengine wakaijaribu kwa meno. Bi Salma alingoja mpaka wa mwisho ameaga.

"Ulipiga?"

"Nilipiga, mama."

"Uliogopa?"

"Nilingoja niogope. Sikuogopa hata kidogo."

Bi Salma hakumgombeza. Alimvuta, akamlaza kichwa mapajani, akawa anazifumua nywele zake zilizokakamaa kwa maji ya dawa ya bwawa. Tangu wahamie, alikuwa amemkataza mumewe kupanda chochote kinachopita msimu mmoja, kwa kuwa wangerudi mtoni. Asubuhi alimwambia Shabani aende kwa mwenyekiti wa kijiji akaombe mahali pa kupanda mikorosho.