Taa kwenye Kona ya Mwalimu Elmina

Watu wa kijiji kile karibu na Sotik walikuwa na maneno mengi juu ya Mwalimu Elmina. Alikuwa amestaafu, mumewe Mathew alishazikwa, na watoto walikuwa Nakuru na Marekani, wakipiga simu Jumapili wakikumbuka. Jioni ikiingia, badala ya kufunga mlango asikilize taarifa ya habari kama binadamu wengine, yeye alitoa kiti nje, akajifunga blanketi, akaangalia juu na darubini ya macho mawili. Wengine walisema ni uzee. Wengine walisema ni upweke. Hawa wa pili hawakukosea sana, ila hakuna aliyewahi kuingia kumwuliza.

Alichotafuta ni vishada vya nyota, zile nyota zilizozaliwa pamoja na bado hazijaachana. Na ungemwuliza ungejuta, maana angeanzia mbali. Angekuambia kwamba babu zake Wakipsigis walikitazama Kilimia, wenyewe wakikiita Koremerik, wapate kujua wakati wa kupanda wimbi na wa kuvuna. Kwamba watu wa kila bara walikihesabu kwa macho wakabishana kama nyota ni sita au saba, mpaka Galileo wa Italia alipokielekezea bomba lake la vioo akapata zaidi ya thelathini. Kwamba Mfaransa mmoja, Messier, aliyekuwa akiwinda nyota zenye mikia, alichoshwa na madoa meupe yaliyokuwa yakimdanganya, akayaandika yote ili asipoteze wakati nayo tena, na leo watu wanayatafuta hayo madoa kuliko hiyo mikia yake. Hapo angecheka, na kwa kawaida angecheka peke yake.

Lakini aliyempenda kuliko wote ni Caroline Herschel. Huyu alikuwa Mjerumani, akapelekwa Uingereza na kaka yake, akawa anamtunzia nyumba na kumsaidia kazi. Alipopewa darubini ndogo ya kwake, alianza kuipitisha angani polepole, na mwaka wa 1783 akaona kishada ambacho hakuna aliyekuwa amekiona. Kiko kaskazini, karibu na zile nyota tano zenye umbo la W. Kutoka huku kwetu kinapita chini chini juu ya vilima, na wakati wake mzuri wa jioni ni Novemba, mwezi ambao Sotik ina mawingu ya kutosha wilaya nne. Mwalimu Elmina alikuwa amekitafuta miaka mingi bila kukipata. Alikitaka kishada hicho kwa moyo wake wote.

Sasa upande huohuo wa kaskazini, shamba lake lilikuwa na kona. Njia ya kutoka kiwanda cha majani ya chai ilipita hapo, kati ya chai yake na mikaratusi ya jirani, na giza la pale halikuwa la mchezo. Hapo ndipo walipotaka kusimamisha mulika-mwizi, ule mlingoti wa taa kubwa unaoangaza kijiji kizima.

Mzee wa kijiji, Kipkurui, alikuja mwenyewe kumwomba.

"Mwalimu, ni futi chache tu. Hiyo kona hata hujapanda kitu."

"Ng'ombe wangu hawatalala na huo mwanga," akasema Elmina.

"Ng'ombe watazoea."

"Wacha nifikirie."

"Fikiria, lakini usikawie. Taa ikienda kijiji kingine hairudi."

Elmina alikuwa amedanganya, na alijua. Lakini angesemaje? Kwamba kijiji kikae gizani kwa sababu ya doa moja angani, doa ambalo hata yeye hajaliona?

Mtu mmoja tu alikuwa akiingia kwake jioni. Aliitwa Dolphine, msichana wa upande wa ziwa aliyefanya kazi kiwandani na kupanga chumba ng'ambo ya kona. Zamu ikiisha alipiga hodi kwa Mwalimu, akakaa kwenye stuli, akanywa chai mpaka asikie kundi la wafanyakazi wengine likija, ndipo atoke afuatane nalo. Walizungumza juu ya bei ya unga, juu ya mama yake Dolphine kule Ahero, juu ya msimamizi mwenye kelele. Siku ambazo Dolphine hakuwa kazini, Elmina alimaliza siku nzima bila kuongea na mtu ila ng'ombe. Hakuwahi kumwambia hivyo. Mtu mzima anaanzaje kusema neno kama hilo?

Jioni moja Kilimia kilikuwa kimepanda mashariki, na Elmina akamkabidhi darubini. Dolphine aliangalia kwa muda mrefu.

"Ni mob, hazihesabiki, Mwalimu. Kama chumvi imemwagika."

"Na ukitoa darubini unaona ngapi?"

"Sita."

"Mimi siku hizi tano tu. Hujawahi kuziona?"

"Nitazionea wapi?" Dolphine alirudisha darubini. "Mimi nikipita hiyo kona siangalii juu. Naangalia nyuma."

Alilisema bila uchungu, kama anayetaja bei ya sukari. Kisha sauti zikasikika barabarani, akaweka kikombe chini. "Wenzangu hao. Lala salama, Mwalimu." Akatoka mbio.

Elmina alibaki na darubini mapajani, na aibu ikamchoma kweli. Miezi yote ile alijua ni nini kilichomwingiza msichana huyu kwake, lakini alikuwa amejidanganya kwamba ni chai. Asubuhi, kabla hata ya kupeleka maziwa, alimpigia Kipkurui simu.

"Leta hiyo taa yako," akasema. "Ng'ombe watazoea."

Lori likaja, shimo likachimbwa, mlingoti ukasimama. Elmina aliendelea kukesha kidogo kila jioni, akijua muda umebaki mchache, na kila jioni mawingu yakamzibia anga. Alikasirika, akayatukana kwa Kikipsigis, akaingia ndani.

Jioni ya mwisho kabla ya taa kuwashwa, mvua ilikuwa imenyesha mchana ikasafisha anga. Dolphine hakuwa kazini siku hiyo. Elmina alitoka peke yake, akazipata zile nyota tano za W juu ya kona, akaisogeza darubini kidogo, akarudi, akasogeza tena. Halafu akakiona. Kilikuwa ukungu hafifu, kama pumzi ya mtu kwenye kioo, kinaonekana ukitazama kando yake na kinapotea ukikikodolea. Alikitazama mpaka shingo ikauma na machozi yakaharibu kila kitu.

"Nimekiona," akasema kwa sauti.

Aliingia ndani na usingizi haukuja upesi, kwa kuwa alikuwa akipanga atakavyomweleza Dolphine. Angeanza na Caroline, kisha miaka yote ile, kisha mvua. Dolphine angemcheka, lakini angesikiliza, na hilo ndilo alilohitaji, mtu mmoja wa kusikiliza.

Kesho yake taa iliwashwa. Watoto walikimbia huku na huko, Kipkurui akatoa hotuba ambayo haikuombwa, watu wakapiga makofi. Mbingu ikawa nyeupe kama maji ya kuoshea mchele. Elmina hakuitazama. Alichemsha chai akaitia kwenye chupa, akanunua mandazi, akatoa stuli, akakaa mlangoni kungoja zamu iishe.

Alimwona Dolphine tangu mbali. Siku zote alikuwa akisikia tu nyayo zake zikikimbia. Leo alikuja peke yake, polepole, mkoba ukining'inia, simu sikioni, akicheka na mtu.

Elmina alisimama. "Dolphine. Kuna chai."

Dolphine aliinua mkono. "Asante, Mwalimu. Hii taa ni poa sana, wacha leo nifike nyumba mapema. Tutaonana." Akarudi kwenye simu yake, akaipita kona bila haraka, akaenda zake.

Elmina alimfurahia, na furaha yenyewe ilimuuma. Alikuwa amepiga hesabu ya kila kishada atakachopoteza, lakini hili hakulipigia hesabu. Habari yake ya Caroline ilikuwa bado iko mdomoni. Alibaki amesimama mlangoni, na sasa kila aliyepita aliweza kumwona vizuri. Wakamsalimu, "Habari ya jioni, Mwalimu," mmoja baada ya mwingine, wakaenda nyumbani kwao.