Siku Niliyoshindwa Kufa

Mwanangu, nimesikia umenuna tangu jana, ati kwenye mchezo wenu wa televisheni umepewa kumfungulia mwenye gari geti tu, bila hata neno moja la kusema. Kaa hapo, umalize chai. Mimi nakumbuka siku niliyopewa kazi ndogo kuliko hiyo yako. Nilipewa maiti.

Tulikuwa tunapiga picha za mchezo wa televisheni kwenye nyumba moja mtaani Mountain View. Nilikuwa kijana, nywele ninazo, maringo ndiyo usiseme. Mwelekezi aliniahidi kwamba nikilala vizuri ndani ya jeneza, wiki inayofuata ningeigiza daktari, koti jeupe na maneno tele. Nikajiuliza, nani atanitambua nimefumba macho? Basi kamera iliposogea, nikafungua jicho moja, kidogo tu.

Balaa! Waombolezaji walikuwa akina mama wa kanisa kutoka Kangemi, wanaojua kulia hasa. Walijua ni mchezo, lakini mmoja alikuwa amezama kwenye kilio mpaka akasahau. Kuona lile jicho, "Uuuwi! Amefufuka!" Wote wakalikumba jeneza likaanguka nami ndani, wakatimua mbio hadi barabara kuu ya Waiyaki Way, viatu mkononi.

Mzee Wafula, aliyeigiza mchungaji, akanijia pale sakafuni.

"Kijana, leo ulikuwa na kazi moja tu. Kufa. Hata hiyo imekushinda?"

"Nilitaka watu wanione, mzee."

"Wamekuona. Kawaulize, wako barabarani."

Udaktari akapewa mwingine. Niliumia, sikufichi. Kesho yake nikarudi jenezani, nikatulia tuli. Na mchezo uliporushwa, mama yangu kule Dagoretti alilia kwa kwikwi, na mimi nimekaa kando yake nakula mandazi! Alinishika mkono, hakuuachilia mpaka taarifa ya habari ikaanza.

Tangu hapo nimekuwa chifu, mwizi, askofu, hata nyanya wa bibi harusi. Lakini machozi yale ya mama sijayapata tena kwa maneno yoyote.

Kwa hivyo kesho fungua hilo geti kama mtu anayelifungua kila asubuhi, na umwache mwenye gari aonekane. Kamera usiitazame; kazi yako ni geti. Mungu akujalie kazi nyingi, mwanangu, na miaka ya kuzifanya. Na siku ukipewa maiti, akusaidie kufumba macho yote mawili.