Mmarekani wa Sinema na Makumbi Mabichi

Nakumbuka asubuhi moja, maji ya bahari yametoka, nimeshika jembe nnafukua shimo la makumbi, maganda ya nazi, la bibi yangu, Bi Mize, bila ya ruhusa yake. Usinicheke, mwanangu. Nilikuwa na miaka kumi na sita na nilitaka kuonekana Amerika.

Miaka ile, kabla ya Mapinduzi, alikuja kwetu Bwejuu Mmarekani mmoja akipiga sinema. Tukimwita Bwana Tomasi. Hakuwa na kundi nyuma yake. Kamera akiibeba mwenyewe begani, na mkalimani wake alikuwa mwalimu wetu wa skuli. Mwalimu alitwambia kwamba kwao alikuwa na kazi kwenye kampuni kubwa, akaiacha, maana wakimkatia sinema zake na kuzibandika mwisho asioutaka. Tangu hapo akitengeneza zake kwa mkono wake. Mtegemea cha nduguye hufa maskini; yeye alikataa kutegemea.

Alitaka kutupiga sinema wanawake tukiponda makumbi ya nazi tupate usumba, zile nyuzi zake, wa kusokota kamba. Lakini meli yake ilikuwa inaondoka wiki ile, na makumbi yalikuwa bado shimoni pwani, chini ya matope na mawe. Hukaa humo miezi sita mpaka yalainike. Yetu yalikuwa na miwili tu. Wenzangu wakakataa kugusa yao. Mimi nikaona atakwenda zake, na mimi nabaki humu humu kijijini. Mwenye pupa hadiriki kula tamu, nami nilikuwa na pupa.

Basi nikafukua. Nikavaa kanga mpya na bangili za fedha, nikakaa naponda. Kumbi gumu kama ubao, gongo linaruka. Bwana Tomasi akatia jicho kwenye kamera, kisha akalitoa.

"Anauliza," akasema mwalimu, "siku zote mnafanya hivi?"

"Mwambie ndivyo."

"Na bangili pia?" akadakia jirani yetu. Wanawake wakaangua kicheko.

Bi Mize akatokea. "Nani kafukua shimo langu?"

"Mimi, bibi."

"Umeniulia kamba za mwaka mzima ili mgeni atazame urongo." Hakupaza sauti. Kisha akamgeukia Mmarekani. "Na wewe, nani kakutuma?"

Mwalimu akafasiri. Jibu likarudi: "Hakuna, Bibi. Najituma mwenyewe."

"Basi haraka hiyo ya nani?"

Yule bwana akaifunika kamera yake. Meli ikaondoka, yeye akabaki. Mimi adhabu yangu ilikuwa kufukia makumbi mapya shimoni peke yangu, na kila jiwe nililobeba Bi Mize alilitazama. Miezi minne baadaye makumbi ya jirani yakawiva, nikaenda kumsaidia kuponda, nimevaa kanga ya kazi yenye viraka. Hapo ndipo Bwana Tomasi alipoipiga sinema mikono yangu.

Sinema aliileta mwenyewe mwaka uliofuata, tukaitazama skuli, madirisha yamezibwa kwa majamvi. Bi Mize akatazama mpaka mwisho, akasema, "Huyo anajua kuponda." Sijapata sifa kubwa kuliko hiyo, na mpaka leo nikiitaja kifua hunijaa.

Na yeye je? Mwalimu akipokea barua zake. Kampuni ziliikataa sinema ile, akaitembeza mwenyewe mji kwa mji. Akafanya nyengine, na nyengine, mpaka nywele zikawa nyeupe, na hakuna hata moja yenye mwisho wa mtu mwengine.

Mimi kusoma sikusoma sana, mwanangu, lakini hili nalijua. Ukipata kazi usiyotumwa na mtu, usiifanyie haraka ya watu. Usiipambe ili usifiwe. Anayeijua atakuona tu. Na ukiharibu cha mwenzio, sema "mimi" kabla hujaulizwa mara ya pili, kisha ukabebe mawe.

Mwenyezi Mungu akupe kazi ya halali na kifua cha kuingoja iwive, na siku watu watakapoitazama, usione haya. Amin.